Mabingwa wa Fenoli: Rekodi za Delta ya Rufiji na Kibiti

Kanuni ya shindano hili ni moja tu. Msombo unaotaka kuingia uwanjani lazima uwe na pete ya benzini, yaani atomu 6 za kaboni zilizoshikana kwa duara, na kwenye mojawapo ya kaboni hizo pawe na kundi la hidroksili: atomu ya oksijeni iliyobeba hidrojeni. Msombo wa namna hiyo wanakemia huuita fenoli. Vingine vyote vinavyoning'inia kwenye pete ni hiari ya mshindani, na hivyo vya hiari ndivyo vinavyoamua kama fenoli itakuwa dawa, rangi, sumu au baruti.

Jina hilo hutumika kwa namna mbili, na anayezichanganya hupotea mapema. Likiandikwa kwenye chupa ya maabara, fenoli ni kitu kimoja: C6H5OH, pete na hidroksili yake bila nyongeza yoyote. Likitajwa kama ukoo, fenoli ni maelfu ya misombo inayobeba alama hiyo mwilini, kuanzia inayoelea hewani kama harufu hadi iliyo ndani ya nguzo ya nyumba.

Uwanja wa shindano ni delta ya Rufiji pamoja na Kibiti, wilaya iliyomegwa kutoka Rufiji katikati ya muongo uliopita, ambayo sasa ndiyo inayomiliki sehemu kubwa ya delta. Huku kuna zaidi ya hekta 50,000 za mikoko, msitu ambao mara nyingi hutajwa kuwa mkubwa kuliko wote wa aina yake katika pwani ya Afrika Mashariki. Ukiacha maji chumvi na tope, unakwenda nchi kavu kwenye mikorosho. Sehemu zote mbili zina fenoli tele.

Walioenguliwa mlangoni

Wa kwanza kurudishwa ni tembo la mnazi na gongo. Kileo kilichomo humo, ethanoli, kina hidroksili kweli, lakini hidroksili hiyo imekaa kwenye kaboni isiyo ya pete. Hiyo ni alkoholi. Tofauti si ya makaratasi: pete ya benzini huivuta elektroni ya oksijeni na kuifanya hidrojeni iachie kwa urahisi zaidi, hivyo fenoli ni asidi kali kuliko ethanoli takriban mara milioni moja. Bado ni asidi dhaifu, dhaifu hata kuliko siki, ila inatosha kuungana na magadi makali ya soda na kuyeyuka humo. Ethanoli haifanyi hivyo.

Mwanafunzi wa PCB, yaani fizikia, kemia na baiolojia, anajua njia ya haraka zaidi. Matone machache ya kloridi ya chuma yakitiwa kwenye fenoli, maji hugeuka zambarau. Yakitiwa kwenye pombe, yanabaki na umanjano wake. Kipimo hicho tutakikuta tena mbele kidogo, nje ya maabara.

Ndogo kuliko zote: fenoli yenyewe

Taji la udogo halina mpinzani. Fenoli ina kaboni 6, hidrojeni 6 na oksijeni 1, uzito wa molekuli 94. Huyeyuka karibu nyuzi 41 za Selsiasi, kwa hiyo hata joto la mchana wa Kibiti huiacha ikiwa fuwele. Friedlieb Ferdinand Runge, mkemia wa Kijerumani, aliitoa kwenye lami ya makaa ya mawe mwaka 1834 na kuiita asidi ya kaboliki.

Udogo wake haumaanishi upole. Fenoli kali ikigusa ngozi huifanya iwe nyeupe na kufa ganzi, na anayeungua anaweza kuchelewa kujua kwamba anaungua. Ukatili huohuo dhidi ya chembe hai ndio ulioipeleka hospitalini. Mwezi Agosti 1865 mjini Glasgow, daktari Joseph Lister alifunga kwa kitambaa kilicholoweshwa asidi ya kaboliki mguu wa mtoto wa miaka 11 uliovunjwa na gurudumu la mkokoteni. Kidonda hakikuoza, na mguu ulipona bila kukatwa. Upasuaji safi wa leo ulianza kwa hatua kama hizo.

Nyingi kuliko zote: lignini

Ukiuliza ni fenoli gani yenye wingi mkubwa zaidi katika delta, jibu ndilo linaloshikilia mti wenyewe. Lignini ni polima, mnyororo mrefu wenye matawi, na viungo vyake ni pete za ukoo wa fenoli. Duniani kote hutajwa kuwa ya pili kwa wingi miongoni mwa polima za mimea, nyuma ya selulosi, na kwenye mbao huchukua kati ya asilimia 20 na 30 ya uzito.

Kazi yake ndani ya mti ni ile ya udongo katika nyumba ya kukandika: selulosi ndizo fito, lignini ndiyo inayojaza nafasi, inabana na kukauka. Bila hiyo mkoko usingesimama kwenye tope laini huku maji yakipwa na kujaa mara mbili kwa siku.

Kuna watakaopinga taji hili. Watasema hidroksili nyingi za lignini zimeshatumika kuunganisha viungo, hivyo si fenoli huru. Pingamizi ni la haki, lakini haliondoi taji. Zinabaki hidroksili huru za kutosha, na vitabu vinaendelea kuiita polima ya fenoli.

Iliyosafiri mbali zaidi: boriti

Mti wa mikoko ukikatwa hubadili jina kwa unene wake. Kuna nguzo, boriti, mazio, pau, hadi fito. Kwa karne nyingi majahazi ya Oman, Ghuba na Uajemi yalishuka na kaskazi, yakapakia boriti katika mito ya delta na visiwa vya Lamu, yakarudi na kusi. Nchi zile zilikuwa na mawe na udongo, zikakosa mti ulionyooka wa kuezekea. Upana wa vyumba vingi vya nyumba za zamani za Ghuba ulifuata urefu wa boriti ya Afrika Mashariki.

Mwaka 1939 baharia na mwandishi wa Australia, Alan Villiers, aliingia delta ya Rufiji akiwa ndani ya bumu la Kuwait la nahodha Ali bin Nasir Nejdi, lililokuja kuchukua shehena hiyo. Aliyaandika aliyoyaona katika kitabu Sons of Sinbad, kilichotoka mwaka 1940: tope, mbu, na mabaharia wakibeba miti. Mchwa hawapendi miti hii, na wadudu watoboao mbao huisumbua kidogo, kwa sababu ya ugumu wake na fenoli nyingine iliyosheheni ndani. Fenoli hiyo nayo ina taji lake.

Iliyoitia serikali tamaa mapema zaidi: tanini

Ukichanja gome la mkandaa kwa panga, upande wa ndani hutoka mwekundu, na ukiliacha hewani huzidi kuiva. Wekundu huo ni tanini, fenoli nyingi zilizounganika hadi molekuli kufikia uzito wa 500, 3,000 na zaidi. Katika gome kavu la mkandaa na mkoko, tanini inaweza kufika robo ya uzito hadi theluthi.

Tanini hushika protini na kuigandisha. Ndiyo sababu bibo lisiloiva vizuri huacha ukakasi: protini zinazolainisha mate zimeshikwa na ulimi umebaki mkavu. Ikikutana na protini ya ngozi ya mnyama, huifanya isioze na isiloe ovyo, na ngozi mbichi inakuwa ngozi ya kiatu. Viwanda vya Ulaya mwishoni mwa karne ya 19 vilihitaji tanini kwa viatu, mikanda ya mitambo na hatamu za farasi wa jeshi.

Wajerumani hawakuchelewa kuliona hilo. Mwaka 1898, kabla ya misitu mingine mingi ya koloni lao, waliiweka mikoko ya delta ya Rufiji kuwa hifadhi ya serikali na kuweka kituo cha misitu Salale. Walihesabu boriti za kutoza ushuru na magome ya kusafirisha. Mti uliokuwa wa yeyote mwenye shoka ukawa wa mwenye kibali. Kwa hiyo katika historia ya misitu ya Tanzania, ukurasa wa mwanzo kabisa una harufu ya fenoli.

Yenye rangi kali zaidi: tanini, tena

Haijakatazwa mshindani mmoja kubeba mataji mawili. Magome ya mkandaa yakichemshwa hutoa rangi ya hudhurungi iliyokolea, na watu wa pwani wameitumia kutia rangi ukili, nyuzi na nyavu. Uzi wa pamba uliolowa humo haukupata rangi tu, ulikawia kuoza baharini, maana vijidudu vinavyokula uzi navyo huishi kwa protini.

Ukitaka kuona rekodi kwa macho, chukua maji ya magome hayo katika kikombe, tumbukiza msumari wenye kutu, uache hadi jioni. Wekundu huondoka, maji yanakuwa meusi, na ukichovya kijiti unaweza kuandika jina lako kwenye karatasi. Ni kile kipimo cha kloridi ya chuma cha kidato cha sita: chuma kimekutana na hidroksili za pete. Kwa mamia ya miaka wino wa hati na vitabu ulitengenezwa kwa njia hiyo, tanini na chumvi ya chuma. Chai ya rangi iliyokolea nayo inakubali mtihani huo, kwa kuwa ina fenoli za ukoo wa karibu.

Inayochoma kuliko zote: maji ya ganda la korosho

Hapa tunatoka kwenye tope na kupanda Kibiti, kwenye mikorosho. Aliyewahi kubangua korosho hahitaji maelezo marefu. Katikati ya ganda mna vijumba vidogo vilivyojaa majimaji mazito ya kahawia. Ukilipasua ganda bichi kwa nyundo, majimaji huruka, na kesho yake ncha za vidole zina madoa meusi. Baada ya siku chache ngozi inabanduka. Ndiyo maana wabanguaji hujipaka mafuta au majivu mikononi, na anayekaanga korosho kwenye bati hukaa upande ambao moshi hauendi. Majimaji yakishika moto huwaka kwa mwali mkubwa wenye moshi mweusi unaokaba koo.

Sehemu kubwa ya majimaji hayo ni asidi anakadiki, na pembeni yake kuna kadoli. Zote ni fenoli zenye mkia wa kaboni 15. Mkia huo ndio siri ya ukali: hupenda mafuta, kwa hiyo huipitisha pete ndani ya ngozi, mahali ambapo fenoli isiyo na mkia isingefika kwa urahisi hivyo. Huko mwili huiona kama adui na kuanzisha malengelenge. Mwembe ni wa familia moja na mkorosho, na utomvu wake una misombo ya jamaa hao. Mtoto mwenye vidonda midomoni msimu wa maembe amekutana nao.

Yenye kishindo kikubwa zaidi: asidi pikriki

Tarehe 20 Septemba 1914, manowari ya Kijerumani Königsberg iliizamisha meli ya kivita ya Kiingereza Pegasus bandarini Zanzibar, kisha ikajificha ndani ya mito ya delta ya Rufiji. Mikoko iliificha vizuri, na kina kifupi cha maji kiliwazuia Waingereza wasiifuate na meli zao kubwa. Mwishowe walileta meli mbili za kina kifupi, Severn na Mersey, zilizovutwa kutoka Malta. Shambulio la kwanza, tarehe 6 Julai 1915, halikufua dafu. La pili, tarehe 11 Julai, likasaidiwa na ndege iliyoelekeza mizinga, na nahodha Max Looff akaamuru meli yake izamishwe.

Fenoli inaingiaje vitani? Baruti iliyojazwa sana katika makombora ya jeshi la majini la Uingereza enzi hizo iliitwa lyddite, jina la kitongoji cha Lydd huko Kent ilikojaribiwa. Ndani yake ni asidi pikriki. Chukua fenoli ndogo tuliyoanza nayo, ibandikie makundi 3 ya nitro kwenye pete, na umepata fuwele za manjano ambazo awali zilitumika kutia rangi hariri, kabla ya watu kugundua kishindo chake. Makundi hayo ya nitro huivuta elektroni kwa nguvu kiasi kwamba asidi iliyokuwa dhaifu kuliko siki inakuwa kali kuliko asidi nyingi za mimea. Kwa hiyo pikriki inabeba na taji la asidi kali kuliko fenoli zote za orodha hii.

Njaa ya fenoli wakati wa vita hiyo ilifika hadi Marekani. Thomas Edison alijenga kiwanda chake cha fenoli kwa ajili ya sahani za santuri, na ziada yake ikanunuliwa na mawakala wa Kijerumani ili itengenezwe aspirini, isije ikaishia kwenye makombora ya Waingereza. Siri ilifichuka baada ya tarehe 24 Julai 1915, siku 13 tu baada ya Königsberg kuzama, pale afisa wa Kijerumani Heinrich Albert aliposahau mkoba wake kwenye treni mjini New York na mpelelezi wa Marekani akauchukua.

Mataji madogo, kwa haraka

Ya harufu: eujenoli. Ni fenoli yenye kaboni 10, na hufanya sehemu kubwa ya mafuta ya karafuu ya Unguja na Pemba. Punje moja ikibanwa kwenye jino bovu hutia ganzi, tabia ileile ya ukoo iliyoonekana kwa fenoli ndogo.

Ya moto ulimini: kapsaisini ya pilipili kichaa. Ikiwa safi, kipimo alichokibuni Wilbur Scoville mwaka 1912 huipa alama milioni 16. Ikiondolewa pete yake yenye hidroksili, moto hupotea.

Ya kumezwa kwa nia njema: parasetamoli. Duka lolote la dawa kutoka Bungu hadi Nyamisati linayo. Ni pete, ni hidroksili, na upande wa pili kuna kipande chenye naitrojeni kinachoipunguzia ukali.

Ya kufukuza vijidudu chooni na kwenye jeraha dogo: kloroksilenoli, kiini cha Dettol. Ni mjukuu wa ile ya Lister, iliyoongezwa klorini moja na makundi 2 ya methili ili iue vijidudu zaidi na iunguze ngozi kidogo.

Inayokaa muda mrefu zaidi: ya kwenye tope

Jani la mkoko likianguka, tanini yake huanza kutoka ndani ya siku chache, na ndiyo inayoyapa maji ya vijito rangi ya chai. Kaa hulivuta jani shimoni, hulila au huliacha chini. Mizizi iliyokufa yenye lignini nyingi hubaki palepale ndani ya tope lisilo na hewa. Bakteria na kuvu wenye uwezo wa kuvunja pete za lignini wengi wao wanahitaji oksijeni, na huko chini haipo. Kwa hiyo kaboni hukaa kwa mamia ya miaka.

Utafiti uliochapishwa mwaka 2011, uliopima misitu 25 ya mikoko kutoka Bangladesh hadi visiwa vya Pasifiki, ulipata wastani wa tani 1,023 za kaboni kwa hekta, nyingi zikiwa ardhini. Mito yetu haikuwa katika hesabu hiyo, lakini kinachotokea kwenye tope ni kilekile. Ndiyo maana kukata mikoko ili kulima mpunga huwa na gharama isiyoonekana shambani. Tope likifunguliwa kwa hewa, wenye kuvunja pete wanapata oksijeni, na kilichowekwa kwa karne kinaondoka kwa misimu michache.

Isiyolipwa kuliko zote: mafuta ya ganda

Taji la mwisho linarudi kwenye korosho, safari hii kwa hesabu. Katika kilo 100 za korosho ghafi, takriban kilo 70 ni ganda, na karibu robo ya ganda ni yale mafuta yanayobabua vidole. Hizo ni kilo 17 hivi za fenoli. Zikipashwa moto, asidi anakadiki hupoteza kaboni dioksidi na kuwa kadanoli, ambayo viwanda huitumia badala ya fenoli ya petroli kutengeneza rangi, gundi, vanishi na unga wa breki pedi. Basi linalofunga breki kwenye matuta ya Kibiti likielekea Lindi linaweza kuwa linasimamishwa na ganda la korosho.

Wanakemia wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, akiwemo Profesa Egid Mubofu, wameandika kwa miaka mingi kuhusu kemikali za thamani zinazoweza kutolewa humo. Lakini korosho nyingi za Tanzania bado zinauzwa ghafi na kubanguliwa India na Vietnam. Mkulima anapeleka mzigo kwenye chama chake cha ushirika, AMCOS, unapimwa, unawekwa ghalani, mnada unaitwa. Mnunuzi akipiga hesabu yake anajua ndani ya ganda mna nini. Katika stakabadhi ya mkulima hakuna mstari wa mafuta.

Wajerumani walichukua magome kwa jina la magome na wakapata tanini. Leo maganda yanaondoka yakiwa yamevikwa korosho. Tofauti ni kwamba mwaka 1898 mwenye mti hakuulizwa, na sasa anauza mwenyewe kwa hiari yake. Kwa hiyo dawa ya rekodi hii haiko mbali: kubangua huku nyumbani, na kuandika bei ya ganda pembeni ya bei ya kiini.